Neno Aliloitwa Mjomba Beni

Kijiwe changu kiko Mafiga, hapa Morogoro, pembeni ya fundi magodoro, pale ukuta wake unapotupa kivuli kuanzia saa tisa mchana. Jina langu Yohana, nauza kahawa, kwetu Gairo, na utani wote kuhusu Gairo nimeshausikia, hivyo usijisumbue. Nina birika la shaba juu ya jiko la mkaa, kashata kwenye sahani, na benchi mbili zinazotazamana. Watu wa mtaa wanapaita Ulaya Ndogo, kwa sababu kila siku ya Mungu linaletwa hapa neno moja gumu la Kiingereza, la aina ambayo hata wenye lugha yao wanaitumia kwa msimu, na kabla birika halijakauka benchi linaamua maana yake na matamshi yake. Tunaamua kwa kura. Anayekubali anainua kikombe. Simu ni marufuku: atakayegugo anawanunulia wote kahawa na neno lake linatupwa. Nasema kifua mbele kwamba kuanzia Msamvu mpaka Bigwa hakuna kijiwe kingine chenye utaratibu kama huo.

Sisemi kwamba hatukosei. Mwaka juzi benchi lilipitisha kwamba “lugubriasi” ni mtu mwenye asili ya Uluguru, na wenye pikapu wawili wa mboga wakaliandika neno hilo nyuma ya magari yao kwa rangi nyekundu. Baadaye akapita mgeni mmoja akatuambia maana yake ni mtu mwenye sura ya msiba. Tukapiga kura upya kwa heshima yake. Akashindwa. Pikapu zinatembea mpaka leo.

Ijumaa hiyo ninayoisimulia walikuwepo watatu wa kudumu. Wa kwanza ni Frateri, jina lake Fidelis, aliyekaa seminari miaka mingi akatoka bila upadri ila na Kilatini chote. Kwake kila neno duniani ni Kilatini, hata “chapati”. Wa pili ni mwalimu Tumaini, anayefundisha Kiingereza sekondari, tunamwita Fonetiki, maana yeye hajali neno lina maana gani ilimradi ulimi umekaa mahali pake. Wa tatu ni Dennis wa bodaboda, Redio Mbao, ambaye habari zote anazijua na hakuna hata moja anayojua ilikotoka.

Akaja wa nne, Mjomba Beni. Huyu ni Benedikto, mkulima wa karoti na kabichi kutoka Mgeta, ambaye kila akishusha mzigo sokoni hupitia kwangu kunywa vikombe viwili kabla ya kurudi mlimani. Siku hiyo alikaa na kofia mkononi. Hakugusa kashata. Nikajua kuna jambo, kwa sababu mtu huyu na kashata zangu ni ndugu.

Fonetiki: Shikamoo Mjomba.

Mjomba Beni: Marahaba. Leo neno ninalo mimi.

Redio Mbao: Wewe? Mzee baba, wewe si huwa unapiga kura tu!

Mjomba Beni: Leo ninalo. Avankyula.

Neno lilikuwa zito, nakuambia, na lilitoka kinywani mwake likiwa zima.

Fonetiki: Rudia.

Mjomba Beni: Avankyula.

Fonetiki: Sikilizeni jamani! Mkazo uko kwenye “van”, na ile “r” ya mwisho ameimeza kama inavyotakiwa. Mjomba, umejifunzia wapi?

Mjomba Beni: Nimeitwa.

Ndipo akatueleza. Mpwa wake, Neema, mtoto wa dada yake Rosa wa Kilakala, ni mtafiti wa magonjwa ya maharage. Wiki mbili nyuma alipewa tuzo kwenye ukumbi mmoja hapa mjini, wageni wengine wametoka nje ya nchi. Mjomba akaalikwa, akaketishwa safu ya mbele na koti la kijivu la kuazima. Neema akasimama kushukuru, kwa Kiingereza. Mjomba akasikia jina lake, Benedikto. Akasikia hilo avankyula. Maneno mengine machache, halafu ukumbi mzima ukaangua kicheko.

Mjomba Beni: Nikatoka. Sikungoja hata pilau. Nikapanda gari la Mgeta, njia nzima nalitamka lile neno midomoni lisije likanidondoka, kama mtu aliyebeba yai. Nilisema nitalileta hapa. Hapa ndipo watu wanapojua.

Sitaficha, nilivimba kichwa. Mtu ametukanwa ukumbini mbele ya wasomi, na mahakama ya rufaa aliyoichagua ni benchi zangu.

Frateri: Neema ameongea nini tangu hapo?

Mjomba Beni: Anapiga. Nimezima simu. Na kesho ndiyo wanakuja.

Redio Mbao: Nani?

Mjomba Beni: Watu wa mume. Kuleta mahari. Wanatoka kwao huyu, Gairo.

Hapo nikaacha kupuliza mkaa. Kama hujui mambo ya huku nikuambie kwa kifupi. Kwa Waluguru mtoto ni wa ukoo wa mama, lukolo, na anayesimama mbele ya ukoo huo ni kaka wa mama. Baba anaheshimiwa, anakaa, anakula. Lakini wageni wa posa au mahari wakifika hawasemi kitu mpaka mjomba aketi kwenye kiti chake awaulize kwa sauti, “Mmefuata nini?” Asipouliza, hakuna aliyefuata kitu. Na sisi wa Gairo mambo haya tunayajua, mjomba kwetu ni mjomba. Watu wangu wakikuta kile kiti kitupu, watakunywa soda kwa adabu, watashukuru, watageuza gari.

Mimi: Sasa kesho unakwenda, huendi?

Mjomba Beni: Itategemea na neno. Kama ni sifa, nakwenda. Kama ni tusi, wamtafute anayefaa. Mimi nimembeba yule mtoto mgongoni kumshusha hospitali ya misheni, mvua inanyesha, usiku mzima nikimwimbia asilale. Siwezi kukaa kwenye kiti cha mtu anayenicheka.

Nikammiminia kikombe bila kuombwa.

Redio Mbao: Usijali Mjomba. Wahenga walisema haraka haraka haina baraka, kwa hiyo tuliamue sasa hivi. Mimi naanza. Binokyula ni nini?

Fonetiki: Darubini.

Redio Mbao: Ndiyo hiyo. Kyula ni kuchungulia. Avankyula ni mtu anayechungulia mambo ya watu akiwa ndani ya “van”. Kumbuka, wasomi wana magari yale yenye vioo vyeusi.

Mjomba Beni: Mimi sijawahi kuwa na van.

Redio Mbao: Ulipanda ya mboga. Inatosha.

Fonetiki: Achana na huyo. Tuende kitaalamu. Kuna maskyula, mambo ya misuli. Kuna vaskyula, mambo ya mishipa. Kwa hiyo hili ni la mwili. Sasa angalieni hiyo “a” ya mwanzo. Katika Kiingereza “a” ya mwanzo inakanusha. Atheisti, asiye na Mungu. Basi avankyula ni mtu asiye na vankyula.

Mimi: Vankyula ndiyo nini?

Fonetiki: Ndiyo aliyoikosa.

Frateri: Mwalimu, unamtisha mzee.

Fonetiki: Asiyesikia la mkuu huvunjika guu. Mimi nasema kilichomo ndani ya neno. Inaweza kuwa kiungo, inaweza kuwa kipaji. Lakini hana.

Mjomba Beni akajishika ubavuni taratibu, akashuka mpaka kiunoni, kama anayehakiki.

Redio Mbao: Ngoja, sasa nakumbuka! Kuna ugonjwa wa karoti. Nilimbeba abiria mmoja wa chuo, akawa anaongea na simu, nikasikia kabisa, “avankyula imeingia milimani.” Inaanzia kwenye karoti, inapanda kwa mkulima. Ndiyo maana walicheka, ni kicheko cha woga. Mjomba, kikohozi unacho?

Mjomba Beni: Cha baridi tu.

Redio Mbao: Ndivyo inavyoanza! Na usishangae mahari yenyewe ikawa ni chanjo. Gairo wanaleta chanjo.

Mimi: Gairo tunaleta mahindi na karanga, we jamaa. Chunga mdomo.

Frateri alikuwa bado hajatoa hoja yake, jambo lisilo la kawaida, akikizungusha kikombe. Akaweka mguu juu ya mguu.

Frateri: Mmemaliza? Hilo neno ni Kilatini.

Benchi zima likaguna. Redio Mbao akageuza uso kabisa.

Frateri: Gunani. Avunkulusi. Tulikariri darasa la kwanza la seminari, na padri mwenye fimbo. Patruusi, ndugu wa baba. Avunkulusi, ndugu wa mama. Ni mjomba, jamani. Mjomba tu.

Fonetiki: Yaani mtoto amesoma mpaka ng’ambo, apande jukwaani, aseme mjomba wangu ni mjomba? Na watu wazima wacheke?

Frateri: Kicheko sikijui. Neno nalijua.

Redio Mbao: Wiki jana ulisema “rambutani” ni Kilatini. Juzi ukasema “spana” imo kwenye Injili. Mtoto umleavyo ndivyo akuavyo, Frateri, leo hatukuamini.

Fonetiki: Na kuna ushahidi wa kicheko. Mtu hachekwi kwa kuwa mjomba. Anachekwa kwa kukosa kitu. Twende kwenye kura. Wanaosema avankyula ni mtu aliyekosa vankyula?

Vikombe viwili vikainuka, cha Fonetiki na cha Redio Mbao, ambaye alikuwa ameshausahau ugonjwa wake wa karoti. Mimi kama mwenye birika sipigi kura. Frateri akakibana chake kifuani. Tukamtazama mlalamikaji mwenyewe. Mjomba Beni akaangalia kikombe chake muda mrefu, kisha akakiinua juu polepole.

Mjomba Beni: Mwalimu kasema kisomi. Nimekosa. Sijui nini, lakini nimekosa. Gari la Mgeta linaondoka saa kumi na moja, nitawahi.

Kura tatu kwa moja. Utaratibu ulifuatwa vizuri, hakuna aliyeshika simu, na kwa mara ya kwanza tangu nifungue kijiwe hiki niliuchukia utaratibu wetu. Nilitaka kusema neno. Lakini muuza kahawa akianza kupangua kura, kesho watamwita mwenyekiti.

Ndipo akaja msichana mmoja kutoka upande wa sokoni, anatembea kwa haraka, kitenge kimefungwa juu ya gauni la kazini.

Jesca: Shikamooni wazee.

Wote: Marahaba.

Jesca: Naitwa Jesca, nafanya kazi na Neema. Namtafuta mjomba wake. Sokoni wameniambia akishusha karoti yuko Ulaya Ndogo. Ndiyo hapa?

Redio Mbao: Ndiyo hapa. Ila umechelewa, dada. Kesi imekwisha. Imeamuliwa hana vankyula.

Jesca alitaka kucheka, akamwona Mjomba Beni jinsi alivyoinama, akaacha. Akachuchumaa mbele yake, akaushika ule mkono wenye kofia.

Jesca: Mjomba, ni lile neno la ukumbini?

Mjomba Beni: Lile lile.

Jesca akasimama akalitazama benchi. Hakuwa na hasira. Alikuwa na sura ya mtu anayetaka kuelekezwa njia.

Jesca: Wazee, nisaidieni. Mjomba kwa Kiingereza anaitwaje?

Fonetiki: Anko. Rahisi sana.

Jesca: Na baba mdogo?

Fonetiki: Anko.

Jesca: Baba mkubwa?

Fonetiki: Anko vilevile.

Jesca: Na mume wa shangazi, yule aliyeoa tu?

Fonetiki: Naye... anko.

Jesca: Sasa mtu akitaka kumwita mjomba. Mjomba peke yake, asiingie mwingine. Anasemaje?

Fonetiki akafungua mdomo. Ulimi ulikuwa mahali pake, niliuona, ila haukuwa na kazi.

Fonetiki: Utaongeza neno mbele. Anko wa upande wa mama.

Jesca: Hayo ni maelezo, mwalimu. Jina je? Mtoto ametumbukia mtoni, anamwita mjomba wake. Atapiga kelele “anko wa upande wa mama”?

Fonetiki akamtazama Redio Mbao. Redio Mbao akaitazama bodaboda yake. Frateri alikuwa ameanza kutabasamu peke yake kwa mbali.

Jesca: Hakuna. Ndicho alichokisema Neema, na mimi nilikuwepo, nilikaa safu ya tatu. Mjomba, sikiliza. Alisema kuna mtu amekaa mbele, koti la kijivu, anaitwa Benedikto. Huyu, akasema, ndiye aliyenifundisha kutofautisha jani la harage linaloumwa na jani lenye kiu, kabla sijajua kusoma. Akasema, nilipokuwa masomoni nje nilikutana na neno la Kiingereza, avankyula. Maana yake, mwenye upole kama wa mjomba. Nikafurahi, nikasema leo nimepata namna ya kumweleza mtu wangu kwa wageni. Halafu nikagundua jambo. Hawa watu wana neno la upole wa mjomba, ila mjomba mwenyewe hawana! Wamemweka kapu moja na mume wa shangazi!

Redio Mbao: Aisee!

Jesca: Hapo ndipo watu walipocheka. Na waliocheka zaidi ni wale wageni, maana walishikwa wao. Hakuna aliyekucheka wewe.

Mjomba Beni: Halafu?

Jesca: Halafu akasema, kwetu milimani mtoto ana ukoo wa mama yake, ana shamba la mama yake, na ana mtu mmoja wa kusimama mbele yake. Naomba msimame, niwaonyeshe anafananaje. Ukumbi wote ukasimama. Akanyoosha mkono kukuonyesha.

Mimi mwenyewe nilikuwa nimeshika birika hewani nimesahau kulitua.

Jesca: Kiti kilikuwa kitupu, mjomba. Alibaki amenyoosha mkono. Tuzo yake hajaiangalia tangu siku ile, iko juu ya kabati la mama yake na karatasi zake. Kanituma nikuulize, kesho waje, au awaambie wasije?

Mjomba Beni aliweka kofia usoni akaibana kwa mikono miwili, mabega yakatikisika. Hakuna aliyesema pole, na ninawashukuru kwa hilo, maana haikuwa ya pole. Alipoitoa kofia macho yalikuwa mekundu, lakini shingo ilikuwa imenyooka kama ya mtu aliyetua mzigo.

Mjomba Beni: Walisimama?

Jesca: Wote.

Mjomba Beni: Hata wale wageni?

Jesca: Wao ndio walitangulia.

Mjomba Beni: Na mimi nilikuwa wapi?

Frateri: Ndani ya gari la Mgeta, unatamka.

Tukacheka wote, na yeye akacheka kwa sauti kuliko sisi, kile kicheko cha mlimani kinachosikika bonde la pili. Nami sitasema uongo, nilijisikia fahari ya ajabu. Mimi si Mluguru, lakini Gairo nina mjomba, na jioni ile huyo wa kwangu nilimwona mkubwa mara mbili. Miaka yote tunagombania maneno ya watu, tunayapima, tunayapigia kura, kumbe kuna moja letu ambalo wakija kulitafuta kwao hawalioni.

Frateri: Nadai kura irudiwe! Avunkulusi, ndugu wa mama! Nilisema! Mwandike jina langu ukutani!

Fonetiki: Utaratibu unaruhusu. Kura inarudiwa ilimradi kahawa ipo.

Redio Mbao: Na mimi nina hoja mpya kuhusu mume wa shangazi.

Mjomba Beni naye akaanza kukaa vizuri, kikombe mbele, mkono unaifuata kashata. Nikaona hatari. Kura hii ikianza, Frateri atahubiri mpaka magharibi, na Kilakala kuna dada anayesubiri jibu na binti aliyebaki amenyoosha mkono. Nikafunika birika.

Mimi: Kahawa imeisha.

Redio Mbao: Imeisha vipi? Si nasikia inachemka!

Mimi: Hayo ni maji.

Frateri: Yohana! Birika limejaa nusu, nimeona kwa macho yangu!

Mimi: Imeisha, Frateri. Kikao kimefungwa.

Mjomba Beni akanitazama. Akalitazama birika, akanitazama tena, akaelewa. Akasimama, akavaa kofia, akakung’uta udongo wa karoti kwenye suruali. Akachukua kashata mbili, moja akampa Jesca. Alikuwa tayari kuondoka, kisha akageuka.

Mjomba Beni: Yohana, wewe si mtu wa Gairo?

Mimi: Ndiyo, Mjomba.

Mjomba Beni: Simama hapo mbele yangu. Na ninyi, simameni naye.

Tukasimama. Frateri, Fonetiki, Redio Mbao na mimi, tumepanga mstari mbele ya jiko kama watu waliotoka safari. Mjomba Beni akaketi peke yake katikati ya benchi. Akatulia. Akaweka viganja juu ya magoti, akainua uso, na sauti iliyotoka sikuwahi kuisikia miaka yote ninayommiminia kahawa.

Mjomba Beni: Mmefuata nini?

Fundi magodoro akasimamisha cherehani. Redio Mbao, anayejua habari zote, akavua helmeti. Nikatafuta jibu la Kiswahili, la Kikaguru cha kwetu, la Kiingereza cha kwenye benchi, sikupata hata moja.

Mjomba Beni akatutazama mmoja mmoja, akaridhika.

Mjomba Beni: Jesca, twende. Mwambie Neema waje.